Minga Haitangazwi

Puchaihue, Kisiwa cha Lemuy
12 Machi 1961

Dada yangu Edelmira,

Kwanza salamu, na salamu zangu si za kijiko, ni za debe. Natumai barua hii itakukuta mzima huko Río Gallegos kwenye upepo wenu, kama inavyoniacha mimi mzima, nina miaka sabini na moja na kuni bado napasua mwenyewe, uliza mtu yeyote. Hii naiandika kwa mkono wangu. Fiskali wa kanisa, anayetusalisha padri asipokuwepo, alitaka kunisaidia nikamwambia, wewe padri alikufundisha herufi, mimi nilimfundisha padri kupanda farasi, kwa hiyo tuko sawa, kaa pembeni.

Habari za hapa ni hizi. Viazi si vibaya, ila vile vyeusi vimeoza nusu. Ng'ombe mwekundu amezaa dume. Matofaa yamejaa mpaka nguruwe wamechoka nayo, pombe yake ya chicha itakuwepo ya kutosha. Zoila mke wangu anakusalimu, kifua kinamsumbua lakini yupo.

Sasa jambo lenyewe. Tangu tetemeko la mwaka jana ardhi yetu ilizama, hilo ulilisikia, na bahari haikurudi kwake. Maji yakijaa yanafika kwenye nguzo za nyumba ya baba. Siku za bamvua yanapita chini ya sakafu, nakunywa chai ya yerba huku nayasikia yakiramba mbao kama ng'ombe anayeramba chumvi. Juzi nimemkuta kaa chini ya jiko. Majirani wote wa ufukweni wamekwisha kuvuta nyumba zao kilimani. Imebaki hii tu. Kuna wanaosema bamvua la Septemba halitaiacha.

Utaniambia, Eleuterio, fanya minga. Dada, mimi ni wa kufundishwa minga? Neno hilo nimelinyonya. Minga ni kuvuta nyumba, minga ni kuchimba viazi, minga ni kuezeka paa. Minga ni watu wenyewe, tunasema minga ile inakuja, tukiwaona wanateremka na maksai. Minga ni nyama na chicha, fulani amekula minga kwa fulani. Na minga ni ile siku ya kazi uliyompa mwenzio, inakaa kwake kama yai chini ya kuku mpaka utakapomwita. Kisiwa hiki hakijavuta nyumba miaka arobaini bila sauti yangu mbele ya maksai. Wengine wanavuta, mimi ndiye ninayeita. Wanyama wakinisikia tu wanasimamisha masikio.

Kwa hiyo sina haraka. Nitapanga mawe mbele ya nguzo. Chumba chako kipo. Kitanda chako kipo, nimekisogeza mbali na ukuta wa upande wa bahari.

Kaka yako,
Eleuterio Remolcoy, kwa mkono wake


Río Gallegos
29 Aprili 1961

Kaka Eleuterio,

Shikamoo. Barua yako imefika imelowa, lakini inasomeka. Mimi sijambo, nikilinganishwa na wagonjwa. Magoti hayataki ngazi, na jiko la nyumba hii ya wageni liko chini na vyumba viko juu. Wanaume wa kiwanda cha nyama wanakula kama mbwa wa kondoo na hakuna anayesema ahsante. Theluji ya kwanza ilianguka Jumapili. Kaburi la marehemu mume wangu Anselmo nimelifagia.

Habari ya nyumba ya baba nimewasimulia mezani. Nikasema kaka yangu anahitaji minga, wote wakacheka. Huku ukimwambia mtu "minga!" umemwambia hupati kitu, sahau, toka hapa. Muuza nyama ananiambia hivyo kila nikimwomba mfupa. Bi Carlota mwenye nyumba akaniuliza, sasa kwenu ina maana gani? Nikamweleza: nyumba nzima, na madirisha yake na jiko lake, inawekwa juu ya magogo, ng'ombe wanafungwa nira, na majirani wanaivuta mpaka pale mwenyewe anapotaka. Akauliza, wanalipwa nini? Nikasema hawalipwi, wanaombwa. Akanitazama kama nimesema wanaimbiwa.

Hapo ndipo nilipoona, kaka. Umeandika maana zote za minga, hata ya kula hukuisahau, lakini umeruka kuomba. Kwetu mwenye nyumba anavaa shati safi, anakwenda mlango kwa mlango, anakaa jikoni mwa watu, anaomba kwa kinywa chake. Akiruka nyumba moja, nyumba zote zinajua. Na nyumba ya kwanza ukipanda njia ya kwetu ni ya Bautista Paillacar, mwenye jozi mbili za maksai.

Umekwenda kwa Bautista? Mawe hayazuii bahari.

Nisalimie Zoila. Mbona yeye haongezi hata mstari mmoja?

Mdogo wako,
Edelmira


Puchaihue
4 Juni 1961

Edelmira,

Salamu nyingi. Mvua haijakata tangu Pentekoste. Yule ndama dume ana nguvu, amempiga teke mbwa. Zoila anakusalimu, mikono yake imejaa kazi, ndiyo maana haandiki.

Unaniuliza kama nimekwenda kwa Bautista Paillacar. Sijakwenda, na nitakukumbusha kwa nini, maana upepo wa huko naona umekupeperusha akili. Siku tulipovuta nyumba ya mjane Oyarzo, miaka minane sasa, nyumba ilikwama kwenye matope karibu na kijito. Mimi nikapanda juu ya gogo nikaita, nikaita, mpaka ikatoka. Watu wakanipigia makofi. Ndipo Bautista akasema kwa sauti, chicha mkononi, mbele ya wanawake: "Mpeni Eleuterio maji, amechoka kupiga kelele. Ng'ombe wapeni pole, wao ndio waliovuta." Wakacheka, hata mjane. Tangu siku ile sijakanyaga mlango wake, na yeye hajakanyaga wangu. Akipita namtazama mbwa wake.

Mtu kama huyo nimwombe? Niende na shati safi, nikae karibu na jiko lake kama paka?

Basi nimepata njia yangu. Jumapili baada ya sala nilisimama mlangoni mwa kanisa, watu wote wanatoka, na sauti hii unaijua. Nikasema: "Jumanne ya wiki ijayo baada ya bamvua navuta nyumba ya marehemu baba. Kondoo wawili, nguruwe mmoja, chicha ya mwaka huu. Mwenye maksai aje nao." Wamesikia wote, na Bautista amesikia, hakuna aliyerukwa. Sikuomba mtu na sikumtukana mtu. Fiskali alinishika mkono akasema, "Mzee Eleuterio, sasa zungukia majumbani." Nikamwambia, mimi nimezungukia majumbani kwenu miaka arobaini nikivuta, sasa nyumba zije kwangu.

Magogo nimekata. Nane, ya mti wa ulmo, marefu, hakuna mwingine wa umri wangu angeweza. Ukuta wa chumba chako nitaupaka rangi tukifika juu. Ya buluu, ulikuwa unaipenda.

Eleuterio Remolcoy, kwa mkono wake


Río Gallegos
8 Julai 1961

Kaka,

Shikamoo. Hapa kumeganda, hata ndoo jikoni inaganda. Mimi sijambo.

Rosenda Chiguay wa huko kwenu amekuja kumtafutia mwanawe kazi, amelala kwetu. Tulikaa jikoni tunamenya viazi, nikamwuliza habari za wifi yangu. Akasema, "Zoila? Yuko juu kwa mpwa wake tangu Pasaka, kwani hakukuandikia? Unyevu ulikuwa unamwua. Alibeba sanduku lake na sanamu ya mtakatifu, akamwambia mumewe, nyumba ikipanda na mimi nitashuka kuingia. Isipopanda, unajua nilipo."

Kwa hiyo unaishi peke yako na bahari chini ya miguu, na kila barua unaniandikia Zoila anakusalimu. Anakusalimu kutoka wapi?

Barua hii itafika umekwisha kuwangoja watu, na hawakuja. Ningekuwepo ningekufungia mlango wa kanisa. Minga haitangazwi, kaka. Kutangaza ni kuwaambia watu unachotaka kufanya. Kuomba ni kuwaambia huwezi.

Nitakukumbusha kitu nawe, kwa kuwa umenikumbusha Bautista. Ule mwaka wa mwisho wa mama, alipokuwa hawezi kugeuka kitandani. Hakusema "nigeuzeni". Alisema, "Watoto, naomba minga." Wewe ulishika mabega, mimi miguu, baba kiuno, tukamgeuza upande wa dirishani. Alikuwa mwepesi, ungemgeuza peke yako. Lakini alingoja mpaka wote watatu tumefika, na alituomba kila mara kama ni mara ya kwanza. Hakuona haya. Mimi hiyo ndiyo maana ya neno hilo niliyoondoka nayo, nyingine zote nimezisikia kwako.

Vaa shati safi uende. Ukiona haya, nena haraka.

Edelmira


Puchaihue
16 Julai 1961

Edelmira,

Barua yako haijafika, meli ya Castro imezuiliwa na dhoruba, naandika bila kungoja. Mimi mzima. Herufi zimepinda kwa baridi, usidhani ni uzee.

Sikuandika mapema kwa sababu sikuwa na la kusema. Hawakuja.

Nilichinja. Nilitoa madirisha nikafunga jiko kwa kamba, nikaipandisha nyumba juu ya magogo kwa wenzo, mimi na mpwa wa Zoila, siku mbili nzima. Asubuhi ya Jumanne mvua ilikata, nikasema Mungu naye ni mtu wa minga. Chungu kikachemka. Nikakaa kwenye benchi nje, nikitazama njia. Moshi wa kila nyumba nauona kutoka hapa. Watu wapo, wanapika. Mchana ukafika. Maksai wa jirani Barría niliwasikia wakilia zizini kwao, hawakusogea. Chungu kikakauka nikaongeza maji.

Aliyekuja ni mmoja. Bautista Paillacar, kwa miguu, mikono mitupu.

"Naona chungu kikubwa," akasema. "Umefiwa, jirani?"

"Kuna minga."

"Ya nani?"

"Yangu. Nilitangaza kanisani, huna masikio?"

"Tangazo nililisikia. Nikadhani unatuarifu tu, kama mtu anavyoarifu kuwa amenunua farasi."

"Na maksai wako wako wapi?"

"Wako zizini. Hakuna aliyewaita."

Nikamwambia kama hana maksai basi aende zake. Akasema njaa inamwuma na nyama inanukia. Akakaa kwenye benchi langu, akala. Alikula, dada, mpaka mbwa wangu akakata tamaa ya kupata mfupa. Kisha akajifuta kwa poncho aliyovaa, akatazama nyumba iliyopanda juu ya magogo bila madirisha.

"Kondoo umechinja mwenyewe?"

"Mwenyewe."

"Magogo umekata mwenyewe?"

"Mwenyewe."

"Hongera. Basi ivute mwenyewe."

Akaondoka. Nyama nyingine nimeipeleka juu kwa watu fulani. Nyumba imekaa juu ya magogo kama kuku asiyejua aruke au ashuke, na upepo unapita ndani. Nimerudisha jiko. Madirisha mawili bado, yako chini ya kitanda chako. Nimechoka kidogo, sitaki kusema zaidi.

Eleuterio


Río Gallegos
27 Agosti 1961

Kaka yangu,

Shikamoo, na pole. Barua zetu zimepishana njiani.

Nimeisoma yako ya Julai nikiwa nimekaa kwenye ngazi, maana nilishindwa kumaliza kuipanda. Sikucheka, hata pale pa kuku. Nilimwona Bautista anavyokula. Ulikuwa na jirani mmoja kwenye benchi lako, na neno lilikuwa moja, na hukulitoa.

Sasa na mimi niseme langu, nimelikalia miaka mingi kuliko wewe lako. Umeniandikia kila barua kwamba chumba changu kipo. Kitanda, ukuta, rangi ya buluu. Na mimi kila barua nimeruka mstari huo kama mtu anayeruka dimbwi. Kaka, mimi sirudi. Si hasira, na si mtu. Nimechoka tu. Kurudi ni kazi, na kazi nimefanya za kutosha. Hapa najua ngazi ipi inalia na duka lipi linafungua. Huko anikumbuke nani, Bautista?

Kwa hiyo ukiivuta nyumba, ivute kwa ajili ya Zoila na wewe. Usiivute kwa ajili yangu. Usije ukavunjika mgongo kwa kitanda kitupu.

Rangi ya buluu ilikuwa nzuri.

Edelmira


Puchaihue
22 Oktoba 1961

Dada yangu Edelmira,

Salamu kutoka juu. Ndiyo, juu. Naandika mezani kwa baba, na dirishani naona bahari iko mbali, inapiga pale tulipokuwa tunakula. Zoila anakusalimu, safari hii kweli, yuko hapa, anasema nimeandika kubwa mno namaliza karatasi.

Nitakueleza kwa mpangilio.

Barua yako ya Julai, ile ya mama, ilifika mwisho wa Agosti. Nilikuwa nimesahau kwamba alikuwa mwepesi. Nikavaa shati safi. Nikafika kwa Bautista, mkewe Clorinda akanifungulia, akajishika mdomo. Nikakaa karibu na jiko. Wakanipa yerba. Tukaongea mvua. Tukaongea viazi, ugonjwa wa kondoo, nani kafa Chonchi. Bautista haulizi. Birika likaisha, Clorinda akajaza jingine. Bautista haulizi! Dada, nimevuta nyumba thelathini, sijawahi kubeba kitu kizito kama kile kimya.

Mwishowe akasema, "Mzee mwenzangu, umekuja kuota moto au una neno?"

"Nina neno."

"Lete."

Nikaweka yerba chini. Nikasema, "Naomba."

"Unaomba nini?"

"Maksai wako. Na wewe."

Akasukuma kuni jikoni. "Na nani ataita?"

Hapo nilidhani nitasimama niondoke. Nikasema, "Ita wewe."

Clorinda akapiga kofi mezani. "Mashahidi ni nani? Leo Eleuterio Remolcoy amemwachia mtu mwingine kelele!" Bautista hakucheka. Akasema, "Ningekuja mwezi ule, jirani. Nilikaa pale nakula kidogo kidogo nikikungoja." Kidogo kidogo, anasema, yule mwongo.

Baada ya kwake nyumba nyingine zilikuwa mteremko. Kila mlango niliomba, na kila mlango walijua nimetoka kwa nani. Wakaja na nira nyingi, hata kutoka Detif, mwisho wa kisiwa. Bamvua la Septemba lilikuwa linakuja nyuma yetu, maji tayari yalikuwa kwenye magogo, nyumba ikatoka majini ikiwa na mwani unaning'inia chini kama ndevu. Mwenye minga haiti, anazunguka na mtungi wa chicha, nami nikazunguka, nikamimina, nikasema ahsante, ahsante, kwa watoto wa watu. Nilijing'ata ulimi pale kijitoni. Bautista anaita vibaya, dada. Sauti ya bata. Lakini maksai walimsikia na nyumba ikaenda. Hilo limenichosha kuliko kazi yote, kwamba ilikwenda. Kesho yake maji yalifunika mahali pote ilipokuwa imesimama.

Barua yako ya Agosti ilifika tukiwa tumekwisha kurudisha madirisha. Nimeisoma mara nyingi, kwa sababu nasoma polepole, na kwa sababu nyingine. Kwanza nilikasirika, nikaenda kupasua kuni. Zoila akaniuliza, dada yako anasemaje? Nikamwambia anasema hatarudi. Akaniuliza, ulimwomba lini?

Nikakaa na fimbo yangu nikatafuta kichwani. Miaka yote hii nimekuandikia chumba kipo, kitanda kipo, rangi ipo. Kama pale mlangoni mwa kanisa. Nyama tayari, mwenye maksai aje.

Sikukuomba hata siku moja. Na kwa karatasi haihesabiki, unajua vizuri kuliko mimi. Kwa hiyo siombi hapa, usinijibu.

Wakata manyoya ya kondoo wanaondoka Castro mwezi ujao na meli ya kusini, nimewaambia wanihesabu, nakuja huko. Zoila anasema nina wazimu, sijawahi kuvuka kupita Chonchi tangu vita vya nani sijui, nitatapika mpaka Magallanes. Bautista atalisha wanyama wangu, nimemwomba na hilo, naona kuomba kunazoeleka, kidogo. Mimi nimechoka, Edelmira, na wewe umechoka, sitakuambia ni safari nyepesi au kwamba hapa hakuna ngazi. Kuna kilima. Pengine utasema hapana. Watu wana haki ya kusema hapana mtu akiwa amekaa mbele yao na shati safi.

Muulize Bi Carlota kama ninaweza kukaa jikoni. Weka birika. Nitakuambia habari za mvua na za yule ndama, na wewe usiniulize upesi nimefuata nini.

Kaka yako,
Eleuterio